Swali la Tatu la Alwyn Hocking

Fomu ilikaa kwenye mlango wa friji siku kumi na mbili, imebanwa na sumaku yenye umbo la kondoo, na kila Merle Hocking alipokwenda kuchukua maziwa ilikuwa pale inamsubiri. Daktari alikwisha saini sehemu yake. Kilichobaki ni sehemu ya chini, ya mtu wa karibu wa mgonjwa, nayo ilikuwa tupu.

Fomu yenyewe haikuwa na maneno mengi. Ilisema kwamba Alwyn James Hocking, miaka themanini na minne, wa Mtaa wa Maghala namba tisa, mjini Kurrabin, haelewi tena maana ya kupiga kura, na kwa hiyo jina lake lifutwe katika daftari la wapiga kura. Ni hivyo tu. Merle akisaini, mumewe hatatakiwa kwenda kituoni tena, na asipokwenda hakuna atakayemuuliza.

Aliyeileta ni binti yao Janine, aliyekuja kutoka Adelaide na gari lililojaa vyakula vya kugandisha, kana kwamba Kurrabin watu hawajui kupika.

"Mama, simfuti baba," alisema, huku akisukuma sahani za plastiki ndani ya friji. "Nafuta zile barua."

"Barua imekuja moja tu."

"Na hiyo moja ilimfanya nini?"

Merle alijua ilimfanya nini.

Barua zile kila mtu anazijua, maana kura ni lazima kwa sheria. Usipoonekana kituoni siku ya uchaguzi, baada ya wiki kadhaa posta inakuletea karatasi: inaonekana hukupiga kura, tafadhali eleza sababu. Watu wanaeleza. Huyu fahali wake alivunja uzio, yule alikuwa amepiga kambi mtoni siku zikampotea. Ofisi ikiridhika, umesamehewa. Isiporidhika unalipa faini ndogo na maisha yanaendelea. Des, kaka yake Merle, amepata tatu maishani mwake, na moja aliwashia moto wa kuchomea nyama. Lakini Alwyn hakuwahi kuletewa hata moja, mpaka mwaka uliopita, uchaguzi wa jimbo ulipomkuta hospitalini nyonga imevunjika. Merle aliijibu siku ileile, ofisi ikaridhika, mambo yakaisha.

Kwa Alwyn hayakuisha. Aliitia barua katika mfuko wa shati akazunguka nayo wiki nzima.

"Merle, wanasema sikwenda."

"Ulikuwa hospitali, Al. Nimeshawajibu."

"Ahaa." Anairudisha mfukoni. Chai haijapoa, anaitoa tena, anaifungua, anaisoma kama ndiyo kwanza imefika. "Merle, wanasema sikwenda."

Na kila mara aibu ilikuwa mpya. Uso ulimshuka kama wa mtu aliyeitwa mwizi mbele ya watoto wake. Siku ya nane, alipolala mchana kwenye kiti, Merle alimchomolea mfukoni akaitia kwenye jiko la kuni.

Ndiyo maana hakumfukuza Janine na fomu yake. Ila hakusaini pia.

"Basi tufanye hivi," Janine alisema kabla ya kuondoka. "Jumamosi ijayo si uchaguzi? Mpeleke. Akipiga mwenyewe, ichane hiyo fomu, na mimi sitasema neno tena. Akishindwa, saini. Umekubali?"

"Nimekubali," Merle akasema, na akashangaa jinsi alivyojibu haraka.

* * *

Kama hukukulia Kurrabin unaweza kuuliza, jina kwenye daftari ni kitu gani hata mke akose usingizi? Lakini kwa Alwyn daftari lile halikuwa karatasi tu.

Kazi yake ya mkate ilikuwa mizani. Malori ya ngano yalipanda juu ya mizani kubwa iliyo mbele ya maghala, Alwyn anasoma, anaandika, lori linashuka. Miaka thelathini na tisa. Mkulima hata awe na hasira vipi, akiambiwa na Alwyn kwamba mzigo ni huu, ndiyo huo. Na kwa sababu hiyo, tangu akiwa na miaka ishirini na mitano, kila uchaguzi ulipofika walimweka mezani katika ukumbi wa shule kuwa karani wa daftari. Alikuja na rula yake mwenyewe kutoka mizanini, rula ya mbao ya futi moja, kona moja imelika. Mtu anakuja, Alwyn anamtafuta kwenye safu ya majina, anaweka rula chini ya jina, anapiga mstari kuonyesha kwamba amekuja. Mstari wake ulinyooka kama reli. Makarani wengine walichora kwa mkono tu, ule mstari unapanda na kushuka mpaka unaangukia jina la jirani, kisha baada ya wiki tatu mwenye jina, maskini, ambaye alikuja na suti yake nzuri ya Jumapili akapiga kura yake vizuri, anapata barua ya kuulizwa kwa nini hakuja. Meza ya Alwyn haikuleta kisa kama hicho hata mara moja.

Na alikuwa na maswali yake matatu. Si yake, ni ya sheria, lakini Kurrabin yaliitwa maswali ya Alwyn. Jina lako kamili nani? Unaishi wapi? Je, umeshapiga kura katika uchaguzi huu? Aliyauliza kwa kila mtu, kwa utaratibu uleule, bila kuruka. Mama yake mzazi alifika mbele yake na kikapu mkononi.

"Jina lako kamili?"

"Alwyn, acha mchezo."

"Jina lako kamili, tafadhali."

"Nimekuzaa siku mbili nzima, leo unaniuliza jina?"

"Watu wanangoja nyuma yako, mama."

Bibi yule akataja jina, akataja nyumba ambayo mwanawe alikuwa amelala humo usiku uleule, akasema kura hajapiga, akachukua karatasi. Chakula cha jioni siku ile Alwyn alipewa shingo ya kuku.

Merle mwenyewe alimjua kwa maswali hayo. Alikuwa mwalimu mgeni, miaka ishirini na mmoja, ndio kwanza umri wa kura wa siku zile, na alivaa glavu nyeupe kwa sababu alidhani kura inapigwa kwa glavu. Kijana aliyekuwa nyuma ya meza hakumtazama usoni mpaka swali la pili.

"Unaishi wapi?"

"Kwa Bibi Ferris, nyumba ya pili kutoka posta, chumba cha nyuma."

Chumba cha nyuma hakikuhitajika. Daftari halitaki kujua chumba. Lakini lilimtoka, na kijana akainua macho, na masikio yake yakawa mekundu. Jumamosi iliyofuata alikuwa kwenye baraza la Bibi Ferris ameshika kopo la asali.

"Umejuaje ninapoishi?" Merle akamuuliza kwa kumchokoza.

"Ulinijibu mwenyewe. Chini ya sheria."

Miaka sitini karibu imepita na bado akikumbuka jibu lile anacheka peke yake jikoni. Na jambo jingine la ajabu: katika miaka yote hiyo hajui mumewe anampigia nani. Hata mara moja. Walilala kitanda kimoja, wakazika wazazi wanne, wakalea mtoto, lakini Jumamosi ya uchaguzi kila mmoja aliingia kwenye kibanda chake, akakunja karatasi yake mara mbili, na yaliyomo yakabaki humo. Merle aliwahi kujaribu kumtega mara moja, wakiwa bado wachanga wa ndoa. Alwyn alisema, "Ukijua wewe, si siri tena, ni habari," akaendelea kumenya viazi.

Siku za uchaguzi zile, jamani. Ukumbi ulinuka vitunguu vya kukaanga tangu saa mbili asubuhi. Nje soseji zikichomwa na kuwekwa kwenye mkate na mchuzi wa nyanya, fedha zikaenda kwenye vitabu vya shule. Merle alisimamia meza ya keki: keki za mraba zilizochovywa chokoleti na kugaragazwa kwenye nazi, keki za tende, na jamu za matunda ya kila aina. Watoto walipita chini ya meza za makarani. Watu waliotoka mashambani, ambao hawajaonana tangu mavuno, walisimama kwenye foleni wakitukanana kwa upendo. Hata wale waliosema wanasiasa wote ni wale wale walikuja, kwa sababu ilikuwa lazima, na wakishafika hawakutaka kuondoka. Na kila saa, foleni ikipungua, Alwyn aliinuka mezani, akatoa kisu chake cha kukunja, akapita kibanda hadi kibanda kuchonga penseli zilizofungwa kwa uzi. Maganda ya penseli hakuyaacha sakafuni. Aliyatia mfukoni mwa shati. Jumapili Merle akifua, mfuko ulijaa vumbi la mbao, na harufu yake mpaka leo kwake ni harufu ya uchaguzi.

Na hapo ndipo kisa cha Des kilipotokea, kisa ambacho Kurrabin hawachoki kukisimulia. Des, aliyekuwa amehamia Kurrabin kumfuata dada yake, alipiga kura asubuhi, akaenda kwenye kriketi, akanywa bia na wenzake, wakawekeana dau kwamba anaweza kupiga mara ya pili. Saa kumi na moja jioni akasimama mbele ya shemeji yake.

"Jina lako kamili?"

"Desmond Arthur Quill."

"Unaishi wapi?"

"Unapajua, ulikula kwangu Jumatano."

"Unaishi wapi?"

Akasema. Mstari juu ya jina lake ulikuwa pale, umenyooka, wa saa tatu asubuhi.

"Je, umeshapiga kura katika uchaguzi huu?"

"Bado, shemeji."

Alwyn akaweka rula chini. Hakupaza sauti. "Des. Nitakuuliza mara moja tena, na safari hii fikiri kabla hujafungua mdomo. Haya mengine mawili hata ukikosea nitasahihisha. Hili la tatu ni wewe tu unayelijua. Ukinidanganya hapa, mimi sina kitu cha kufanya na daftari lote hili ni kuni."

Des aligeuka akatoka. Mwaka mzima hakumnunulia Alwyn bia. Baadaye alisema hajawahi kuaibishwa vile na mtu asiyemtukana.

* * *

Jumamosi ilipofika, Merle alimvisha Alwyn shati la mifuko miwili na koti la kijivu. Hakumwambia habari ya fomu, lakini alimwambia kuna uchaguzi, na uso wa mzee ulifunguka.

"Rula yangu iko wapi?"

"Huendi kazini leo, Al. Unaenda kupiga tu."

"Rula iko wapi, Merle?"

Ilikuwa kwenye droo ya visu. Akaitia ndani ya koti, na kisu cha kukunja kwenye suruali, na akatembea hadi garini bila kushikwa mkono. Merle akasema moyoni: unaona, Janine, unaona.

Shule ya Kurrabin ilifungwa miaka sita iliyopita, watoto siku hizi wanakwenda mji wa jirani kwa basi. Ukumbi unafunguliwa kwa mazishi na kwa kura. Meza za makarani zilikuwa mbili, sasa ni moja. Vibanda vya mbao vimekwenda wapi hakuna anayejua, siku hizi ni vya kadibodi na vinatikisika ukikohoa. Keki zilikuwa za dukani, kwenye pakiti. Lakini vitunguu vilinuka vilevile, na nyuma ya jiko la soseji alisimama Des, miaka themanini na mbili, aproni tumboni na koleo mkononi.

Langoni wapambe wa vyama vitatu walikuwa wakigawa vikaratasi vya kumwelekeza mtu ampange nani wa kwanza na nani wa mwisho. Alwyn akapokea vyote vitatu, kama alivyofanya siku zote, akavikunja kwa ukubwa mmoja, akavitia pipani pamoja. Ili huyu asipate la kusema juu ya yule. Merle akahesabu hilo nalo kuwa dalili njema.

"Shemeji," Des aliita, "umekuja kunikamata?"

Alwyn akasimama. Akamtazama kwa muda. "Umeshapiga?"

"Mara moja tu, nakuapia kwa soseji hii."

Alwyn akaitikia kwa kichwa, ameridhika, akaingia ndani. Des akamsogelea Merle. "Dada, ananikumbuka, ee? Si umemsikia?"

"Nimemsikia," Merle akasema. Hakujua kama alichosikia ni kumbukumbu au ni mdomo tu uliozoea.

Foleni haikuwa ndefu. Nyuma ya daftari alikaa Tahlia, binti wa duka la dawa, miaka kumi na tisa, kucha za kijani.

"Karibu, Mzee Hocking. Jina lako kamili?"

"Alwyn James Hocking." Sauti ilitoka safi, kama ya mtu anayesoma mizani.

"Unaishi wapi, mzee?"

"Kwa Bibi Ferris," Alwyn akasema. "Nyumba ya pili kutoka posta. Chumba cha nyuma."

Tahlia akainua macho. Bibi Ferris alikufa kabla Tahlia hajazaliwa. Kabla hata mama yake Tahlia hajaolewa.

"Mtaa wa Maghala, namba tisa," Merle akasema taratibu. "Hiyo anwani aliyotaja ni yangu. Ya zamani."

Msimamizi wa kituo, mama mmoja mwenye miwani aliyekuwa akiufahamu mji wote, akaja akatazama daftari. Alwyn Hocking alikuwa mmoja tu. Akampa Tahlia ishara ya kuendelea.

"Je, umeshapiga kura katika uchaguzi huu?"

Alwyn akafikiri. Ukweli ni kwamba alifikiri kwa muda mrefu, kama mtu anayepekua mifuko yote akitafuta ufunguo. Kisha akamgeukia Merle. "Nimepiga?"

"Bado, Al."

"Bado," akamwambia Tahlia.

Tahlia akachukua kalamu kulipiga jina mstari. Mkono wa mzee ukaingia ndani ya koti, ukatoa rula, ukaiweka mbele yake. "Mstari wako utapinda, binti. Utamletea mwenzio barua." Tahlia akatabasamu, akaipanga rula chini ya jina, akapiga mstari, akamrudishia. Ulinyooka.

Akapewa karatasi zake mbili, moja kwa kila baraza la bunge, ile ndogo ya kijani na ile nyeupe ndefu kama taulo, akaingia kwenye kibanda cha mwisho kando ya dirisha. Merle naye alijibu maswali, akapiga zake haraka kibanda cha pili, akazikunja, akazitumbukiza. Alipogeuka, Alwyn bado yumo. Dakika tano. Kumi. Waliokuja baada yao wakapiga wakatoka na soseji mkononi.

Msimamizi akamsogelea. "Bibi Merle, sheria inakuruhusu uingie umsaidie. Akitaka."

Merle akaenda. Kila hatua alikuwa akifikiri: sasa nitaona. Miaka yote ile, na leo nitaona anampa nani namba moja. Hakutaka kuona. Alisimama nyuma yake, akagusa kiwiko.

"Al, nikusaidie?"

Alwyn alifunika karatasi kwa mkono mzima. Alimtazama kama anavyotazamwa mtu asiyejulikana, kwa adabu kabisa. "Mama, tafadhali usimame nyuma. Mpiga kura yumo kazini."

Merle akarudi nyuma hatua tatu. Kisha akasikia sauti anayoijua, sauti ndogo ya kukwangua. Mumewe alikuwa akichonga penseli. Aliichonga mpaka ncha ikawa kama sindano, akakusanya maganda kwa ukingo wa kiganja, akayatia mfukoni mwa shati. Akahamia kibanda cha pili, akachonga ya huko. Akamaliza vyote vinne. Hakuna aliyemzuia. Tahlia alikuwa ameshika kalamu hewani.

Akarudi kibandani kwake, akainama kidogo, mgongo umeficha kila kitu, akatoka na karatasi zimekunjwa mara mbili mbili, kingo juu ya kingo, akazitumbukiza, kila moja kwenye sanduku lake. Akavuta koti lake. "Haya," akasema.

Alikuwa ameandika namba? Alikuwa amekunja karatasi tupu? Hapo ndipo Merle alipoielewa hesabu aliyoikubali na Janine, kwamba haina jibu. Akipiga mwenyewe, chana, akishindwa, saini. Na nani atakayesema kama amepiga au ameshindwa? Nchi nzima inamlazimisha mtu aje, atajwe jina, achukue karatasi, aitie kwenye sanduku. Kilichomo ndani yake hakuna anayeruhusiwa kukifungua, si Waziri Mkuu, si mke.

Nje, Des aliwapa soseji mbili, vitunguu tele. "Amefanyaje?" akanong'ona.

"Amepiga," Merle akasema.

"Si nilikwambia. Huyo mtu ni chuma. Huyo Janine wako na daktari wake wakakae huko Adelaide."

Merle alikula soseji yote, na mchuzi ulimdondokea kwenye glavu. Ndiyo, alivaa glavu. Alijiona ameshinda. Alipokuwa akiwasha gari alikwisha panga jinsi atakavyoichana ile fomu, vipande vinne, avipige picha amtumie binti yake.

Walifika kwenye maghala. Alwyn, aliyekuwa akitazama nje, akanyoosha shingo.

"Merle, geuza gari."

"Umesahau nini?"

"Leo Jumamosi. Ni uchaguzi leo. Hatujapiga kura."

"Tumepiga, Al. Tunatoka huko sasa hivi. Una mchuzi kwenye ndevu."

Alwyn akafuta ndevu, akautazama ule mchuzi mwekundu kwenye kidole. "Hapana," akasema. "Nageuza mimi, basi. Watafunga saa kumi na mbili. Nikichelewa wataandika barua, Merle. Wataandika sikwenda."

Merle akaegesha gari kando ya mizani ya zamani. Mikono yake ilibaki kwenye usukani. Kama angegeuza gari, alijua kitakachotokea. Alwyn angesimama mbele ya Tahlia, na Tahlia angemuuliza, na Alwyn Hocking, ambaye alimwaibisha Des mbele ya mji mzima kwa neno moja, angejibu bado. Angejibu kwa moyo mweupe kabisa. Jina angelijua, nyumba angeikosea na watu wangesahihisha. Lakini swali la tatu mwenyewe alisema, ni wewe tu unayelijua. Na yeye hakulijua tena.

"Al. Nisikilize. Nimeona wakilipiga mstari jina lako."

"Umeona?"

"Kwa macho yangu."

"Kwa mkono au kwa rula?"

"Kwa rula. Rula yako."

Akaipapasa kifuani, akaikuta. Pumzi ikamtoka. "Basi vizuri," akasema. "Kwa rula vizuri."

* * *

Nyumbani Merle aliweka birika jikoni, akaiondoa fomu chini ya kondoo, akakaa mezani na kalamu. Jua la alasiri lilikuwa limefika mpaka kwenye kikombe cha Alwyn. Simu ilikuwa imeshalia mara mbili, Janine huyo, lakini angoje.

"Unaandika nini?" Alwyn akauliza.

Angeweza kusema ni risiti, au ni karatasi ya umeme. Lakini hakuwahi kumdanganya mtu huyu ng'ambo ya meza, hata siku ile ya chumba cha nyuma.

"Ni fomu ya kutoa jina kwenye daftari."

Alwyn akasogeza kiti. Macho yake yakawa yale ya kazini. "Amekufa?"

"Hapana."

"Amehama?"

Merle alitazama mfuko wa shati lake, uliovimba kwa maganda ya penseli. "Ndiyo," akasema. "Anahama. Kidogo kidogo."

"Basi mtoe. Ukimwacha humo watamtumia barua bure, na yeye hayupo. Si vizuri, Merle. Mtu anaaibika."

"Si vizuri," Merle akakubali.

Akasaini. Chini ya saini palikuwa na mstari wa mwisho ambao hakuwa ameusoma katika siku zote kumi na mbili: Mimi ni mume, mke, mtoto, mlezi, rafiki wa mtu aliyetajwa hapo juu. Futa yasiyohusika. Akaanza kufuta neno la kwanza, na mstari ukapanda juu.

"Ngoja, ngoja," Alwyn akasema. "Unapinda."

Akatoa rula ndani ya koti, akailaza chini ya maneno, akaibana kwa vidole viwili kila upande ili isiteleze. Merle akafuta mume. Alwyn akasogeza rula taratibu, Merle akafuta mtoto. Akafuta mlezi. Akafuta rafiki. Kisha Alwyn akainua rula, akapuliza karatasi kama alivyokuwa akipuliza daftari, na wote wawili wakainama kuliangalia neno moja lililobaki.